Mchezaji Aliyerudi Kuwa Mwanafunzi

Somo la redio kwa madarasa ya watu wazima, Ipuli, Tabora

Natumaini kila mmoja amepata mahali pa kukaa, na redio mmeiweka katikati, si kwenye kona ya mwalimu peke yake. Mwalimu wa darasa, tafadhali andika ubaoni maneno manne: mchezaji, nahodha, mtangazaji, kimya. Wanafunzi wayasome kwa sauti mara mbili. Lile la mwisho ndilo litakalotushughulisha zaidi, ingawa mtaona ni ajabu mtu wa redio kuja kuwafundisha habari za kunyamaza. Nanyi mtakaoyasoma maneno haya katika karatasi iliyopigwa chapa, msiwe na haraka. Wekeni kidole chini ya mstari na mwende nao.

Juma lililopita nilipokea barua kutoka darasa la Ipuli. Imeandikwa kwa penseli, kwa herufi kubwa, mistari kumi na mmoja. Mwandishi wake ameniomba nisitaje jina lake, nami sitalitaja. Anasema ana umri wa miaka 46, na tangu ujana wake kazi yake ni kupakia na kupakua marobota ya tumbaku. Sasa mgongo umeanza kukataa. Bwana mmoja wa ghala amemwambia kwamba akijua kusoma namba za mzani na kuandika majina ya wakulima katika daftari, atampa kazi ya kukaa mzanini. Ndiyo maana amejiandikisha darasani. Lakini kila jioni anapoingia humkuta kijana wa jirani yake, ambaye yeye mwenyewe alimbeba mgongoni alipokuwa mtoto, ameshamaliza zoezi na anachezea kalamu, na yeye bado anahangaika na ile ng' ya ng'ombe. Anauliza: je, mtu aliyekuwa fundi wa kazi moja aweza kuwa mwanafunzi wa kazi nyingine bila kuchekwa?

Shikamoo, mzee wangu. Barua yako nimeisoma mara tatu, na ng' yako ya ng'ombe umeiandika sawasawa. Kuchekwa utachekwa kidogo, sitakudanganya. Lakini swali lako limenikumbusha habari za mtu mmoja wa nchi ya mbali, mchezaji mashuhuri sana, ambaye alikwenda kukaa tena darasani wakati wenzake walikuwa wakifunga masanduku kuondoka. Jina lake ni Richie Benaud. Jina la pili linaandikwa kwa herufi sita, lakini hutamkwa Beno. Msishangae. Kila lugha ina ng' yake ya ng'ombe.

Kabla ya kufika huko Australia, na tuanze hapa hapa nyumbani. Wazee wetu wa Unyamwezi walikuwa mabingwa wa njia ile ya zamani iliyotoka Bagamoyo, ikapita hapa Tabora, ikaenda mpaka Ujiji kwenye ziwa. Kabla reli haijafika Tabora mwaka 1912, mizigo ilikwenda kwa mabega ya watu: pembe za ndovu zikishuka pwani, nguo na shanga na nyaya za shaba zikipanda bara. Mbele ya msafara alitembea kirangozi. Huyu hakuwa bwana aliyeletwa kutoka pwani kuja kuwaamuru watu. Alikuwa mpagazi mwenzao aliyeijua njia, aliyejua kisima kipi kina maji mwezi wa Oktoba na kipi kimekauka. Jioni, kambi ikiisha kupangwa, yeye ndiye aliyesimama akatangaza: kesho safari, au kesho hakuna safari. Watu walimsikiliza kwa sababu bega lake nalo lilikuwa na alama ya mzigo.

Basi mchezaji anayegeuka kuwa mtangazaji ni kama kirangozi yule. Amebeba mzigo, sasa anaieleza njia. Lakini kubeba ni kazi moja na kueleza ni kazi nyingine. Wapagazi walikuwa maelfu. Viranja wa njia walikuwa wachache.

Sasa niwaeleze kwa ufupi mchezo wenyewe, maana hapa kwetu watu wengi wanajua mpira wa miguu, na kriketi wameiona katika picha tu. Kriketi huchezwa na timu mbili, kila timu watu 11. Katikati ya uwanja pana njia ya udongo mgumu yenye urefu wa hatua kama 20 au zaidi kidogo. Kila mwisho wa njia hiyo husimamishwa vijiti vitatu. Mtu wa timu moja hurusha mpira mdogo mgumu kuelekea vijiti, na mtu wa timu ya pili husimama mbele ya vijiti hivyo na gongo bapa la mbao, aupige mpira uende mbali. Akiupiga, yeye na mwenzake hukimbia kubadilishana mahali, na kila wakimaliza hesabu huongezeka moja. Mpira ukifika ukingoni mwa uwanja bila kushikwa hupata nne. Ukivuka ukingo bila kugusa chini, sita. Mpira ukivigonga vijiti, au ukidakwa hewani, mpigaji ametoka na mwingine anaingia. Ziko sheria nyingine nyingi, lakini hizi zatosha kwa jioni ya leo. Jambo moja la kukumbuka ni kwamba mchezo mkubwa kati ya nchi na nchi huweza kuchukua siku tano. Siku tano! Mtangazaji wa mpira wa miguu ana dakika 90 za kujaza. Wa kriketi ana juma zima la kazi.

Richie Benaud alizaliwa mwaka 1930 Penrith, karibu na mji wa Sydney. Baba yake alikuwa mwalimu wa shule na mchezaji wa kriketi. Kijana alirithi ufundi wa kurusha ule mpira unaozunguka, ambao ukigusa ardhi hugeuka upande asioutazamia mpigaji. Mwaka 1952, akiwa na miaka 21, aliichezea nchi yake kwa mara ya kwanza. Lakini msidhani alikuwa tajiri. Siku zile mchezaji wa Australia hakuweza kuishi kwa mchezo peke yake. Kila mmoja alikuwa na kazi nyingine ya kumlisha. Benaud alikuwa karani wa hesabu, baadaye akafanya kazi katika gazeti moja la Sydney.

Mwaka 1956 timu ya Australia ilikwenda Uingereza, ikashindwa. Katika mchezo mmoja kule Manchester, Mwingereza mmoja, Jim Laker, aliwatoa wapigaji 19 kati ya 20 wa Australia. Benaud mwenyewe hakuwa nahodha bado. Hakuwa hata na hakika sana ya nafasi yake. Siku moja alipiga vizuri mpaka 97, siku nyingine hakufanya la maana. Safari ilipokwisha, wachezaji wengine walipumzika. Yeye alibaki London. Aliwaomba watu wa BBC wamruhusu ajifunze kazi ya kutangaza katika televisheni, akakaa huko majuma kadhaa.

Na hapa nataka mtazame vizuri. Mtu huyu amevaa kofia ya timu ya taifa. Picha yake iko magazetini. Lakini katika chumba kile cha BBC yeye hajui kitu. Hajui taa ipi inaonyesha kwamba kamera inakutazama, hajui mtu aliye nyuma ya kioo anataka nini anapokunja kidole. Alikwenda kumfuata Peter O'Sullevan, ambaye kazi yake ilikuwa kutangaza mbio za farasi. Si kriketi hata kidogo: farasi. Alimtazama jinsi anavyofika mapema, jinsi anavyojifunza rangi za nguo za kila mpanda farasi kabla ya mbio kuanza, ili farasi wakitoka mbio, jina lije mdomoni bila kutafutwa. Mtangazaji asiyejitayarisha nyumbani hawezi kujitayarisha huku farasi wanakimbia. Mzee wangu wa Ipuli, weka neno hili karibu na mzani wako: majina ya wakulima yajifunze usiku, maana mchana foleni haitakungoja.

Kwa nini alifanya hivyo mwaka ule? Australia haikuwa na televisheni mpaka Septemba 1956. Alijifunza kazi ambayo nchini kwake ndiyo kwanza inazaliwa. Aliporudi, akaomba katika gazeti lake ahamishwe kutoka kwenye hesabu aende kuandika habari. Wangeweza kumpa ukurasa wa michezo, aweke jina lake juu na mtu mwingine aandike maneno. Wachezaji wengi hufanya hivyo mpaka leo. Yeye alikwenda kwenye habari za polisi. Alikimbilia ajali, wizi na moto, akajifunza kuandika habari fupi, kweli, kwa haraka, huku mhariri amesimama nyuma yake akitazama saa.

Habari za mchezo wake nitazipita upesi. Alifanywa nahodha mwaka 1958. Aliiongoza Australia katika michezo mikubwa 28 na hakupoteza mfululizo hata mmoja. Katika maisha yake yote aliwatoa wapigaji 248 na kupata mikimbio 2,201, akawa mtu wa kwanza duniani kuvuka wapigaji 200 na mikimbio 2,000 pamoja. Mwezi Desemba mwaka 1960, mjini Brisbane, timu yake ilicheza na West Indies siku tano, na mwishoni hesabu zikawa sawa sawa kabisa, jambo ambalo lilikuwa halijapata kutokea katika michezo mikubwa ya siku nyingi tangu ilipoanza mwaka 1877. Nahodha wa West Indies alikuwa Frank Worrell, mtu mweusi wa kwanza kupewa unahodha wa timu ile kwa mfululizo mzima. Nalitaja jina hilo kwa makusudi. Worrell alikuwa mchezaji wa ajabu tangu miaka mingi kabla, lakini ilimbidi angoje mpaka anakaribia umri wa miaka 36. Mlango wa Benaud ulifunguka mapema kuliko wake, na si kwa sababu ya ufundi peke yake. Msomaji mwenye akili atalitia jambo hilo katika hesabu.

Mwaka 1960 Benaud alisikika katika redio ya BBC. Mwaka 1963 akaanza katika televisheni ya Uingereza. Mwaka 1964 akaacha kucheza. Haya, kalamu mkononi. Alijifunza mwaka 1956, aliacha kucheza mwaka 1964. Toeni. Ni miaka mingapi? Miaka minane. Kwa miaka minane alikuwa na kazi mbili, moja ikipanda na nyingine ikiota mizizi chini. Hesabu ya pili: alianza televisheni ya Uingereza mwaka 1963, akatangaza huko mara ya mwisho Septemba 2005. Miaka 42. Sasa linganisheni na miaka aliyoichezea nchi yake, 1952 mpaka 1964, yaani miaka 12. Kazi ya pili ilimlisha muda mrefu zaidi ya mara tatu kuliko ya kwanza.

Sasa tulifikie lile neno la nne ubaoni. Kimya.

Niwaeleze kosa langu mwenyewe. Nilipokuwa kijana kazini niliombwa kushika kipaza sauti katika mashindano ya mpira ya shule fulani. Nilifurahi mno. Nilianza kusema kabla mpira haujawekwa kati na sikunyamaza. Nilisema mpira uko kwa namba saba, na kila mtu alimwona namba saba. Nilisema mvua inakuja, na kila mtu alikuwa akitazama wingu. Goli lilipofungwa nilikuwa nikimshukuru mgeni rasmi. Baadaye mzee mmoja alinishika mkono kwa upole, akaniambia, “Mwanangu, sisi nasi tuna macho.” Mpaka leo nikiona kipaza sauti nasikia maneno yale.

Benaud aliyajua hayo bila kuambiwa na mzee. Katika televisheni, alisema, usiongeze neno kama halizidishi kitu kwenye picha. Mpira ukipigwa ukaenda ukingoni, watu wakashangilia, yeye alikaa kimya. Wakati mwingine alikaa kimya mpaka watu wakadhani mashine imeharibika. Kisha akasema maneno matatu au manne, na maneno hayo yakawa ndiyo yanayokumbukwa. Hakusema kamwe “sisi” alipotaja timu ya Australia. Alisema “Australia”, kama mtu asiye na upande, ingawa alikuwa nahodha wao. Tena alikuwa mchoyo wa maneno makubwa. Kufungwa mchezoni hakukuita msiba wala maafa, kwa kuwa msiba ni watu kufa, na maafa ni meli kuzama na abiria. Ukilitumia neno hilo kwa mpira uliodondoka mkononi, utatumia lipi siku ya msiba wa kweli? Mimi husikia watangazaji wetu wakiita sare ya bila kufungana janga la taifa, nami huzima redio, nikapumzika kidogo, kisha nikaiwasha tena kwa sababu nataka kujua matokeo.

Redio ni kazi nyingine, lazima tuseme haki. Msikilizaji wa redio hana picha. Wazee wenu waliosikiliza mpira katika Redio Tanzania wanajua kwamba mtangazaji alikuwa ndiye macho yao: mpira uko upande gani, nani anakimbia, jua liko machoni mwa kipa gani. Marehemu Charles Hilary, aliyefariki mwaka 2025, aliwaonyesha watu viwanja ambavyo hawakupata kuviona maishani. Wala si lazima mtangazaji awe amecheza. Yule ambaye Waingereza wengi humhesabu kuwa sauti bora ya kriketi katika redio, John Arlott, hakuwa mchezaji wa kutajwa. Alikuwa askari polisi aliyependa mashairi. Kwa hiyo kucheza kunakupa ujuzi wa mambo, lakini hakukupi ulimi. Ulimi hutafutwa.

Sasa nifike kwenye siku ambayo mimi huiona kuwa ndiyo mtihani wa kweli wa Benaud. Ilikuwa tarehe 1 Februari 1981, katika uwanja wa Melbourne. Australia ilikuwa ikicheza na New Zealand. Umebaki mpira mmoja tu wa kurushwa. New Zealand walihitaji sita ili hesabu ziwe sawa, yaani mpigaji aupige mpira uvuke ukingo wa uwanja mkubwa ule bila kugusa chini. Ni jambo gumu, lakini lawezekana. Nahodha wa Australia, Greg Chappell, akamwambia mrushaji, naye ni ndugu yake wa tumbo moja, Trevor, asiurushe mpira kwa mkono wa juu kama kawaida. Auvingirishe chini kwa chini, kama mtoto anavyovingirisha ndimu. Mpira unaobingirika ardhini hakuna awezaye kuupiga ukapaa. Trevor akafanya alivyoamriwa. Mpigaji, Brian McKechnie, akauzuia kwa gongo lake, kisha akalitupa gongo kwa hasira. Australia wakashinda.

Sheria ya mashindano yale ilikuwa haijakataza jambo hilo. Hapo ndipo palipo na ugumu. Fikirini nafasi ya Benaud. Yeye ni Mwaustralia, nahodha wa zamani wa timu ile ile. Anatangaza katika televisheni ya Australia, ambayo inapata fedha zake kwa kriketi ile. Watu wanaomtazama jioni ile wengi wao ni Waaustralia, na timu yao imeshinda. Angeweza kusema kwamba sheria haikuvunjwa, akaaga, akaenda kula chakula chake cha usiku. Badala yake alitazama kamera, bila kupandisha sauti, akasema kwamba tendo lile lilikuwa la aibu, kwamba halikupasa kufanywa, na kwamba ni moja ya mambo mabaya kabisa aliyopata kuyaona katika uwanja wa kriketi. Hakumtukana nahodha. Alieleza jinsi hesabu ya warushaji ilivyokosewa mpaka wakafikia pale, kisha akasema lililo kweli. Baadaye sheria ikabadilishwa, mpira wa kuvingirisha ukakatazwa.

Nimelikawilia jambo hili kwa sababu yako, mzee wangu wa mzanini. Umefanya kazi na wapakiaji wenzako miaka mingi. Siku utakapokaa kwenye mzani, mmoja wao atakuja na robota la shamba la shemeji yake, akakukonyeza. Mkulima wa mwisho katika foleni, mwanamke aliyetoka na tumbaku yake Sikonge au Urambo, hajui kusoma namba. Anakutazama wewe mdomo. Hapo utakuwa umeacha kuwa mchezaji.

Mtaniuliza: je, katika Afrika yetu hawako watu wa namna hii? Wako. Pommie Mbangwa, aliyezaliwa Plumtree nchini Zimbabwe mwaka 1976, aliichezea nchi yake kriketi, kisha akageuka mtangazaji, na sauti yake imesikika duniani kuliko mpira wake ulivyopata kurushwa. Hapa Tanzania, katika mpira wa miguu, Ally Mayay aliyechezea Yanga na Taifa Stars alikuwa mchambuzi katika televisheni, watu wakampenda kwa kueleza mchezo bila kelele, na baadaye akateuliwa kuongoza maendeleo ya michezo katika wizara.

Na yuko mwingine ambaye habari zake huwa nazisimulia kila nikipata nafasi, John Nagenda wa Uganda. Mwaka 1975 yalifanyika mashindano ya kwanza ya Kombe la Dunia la kriketi la wanaume, huko Uingereza. Afrika Mashariki ilipeleka timu moja, wachezaji wametoka Kenya, Uganda, Tanzania na Zambia, wengi wao wenye asili ya Kihindi. Hawakuwa wa kulipwa. Tarehe 7 Juni walicheza na New Zealand mjini Birmingham. Wenzao walipata 309, na mmoja wao, Glenn Turner, alipata 171 peke yake, tena hakutolewa. Timu yetu ilipata 128. Tulishindwa kwa 181, mnaweza kuihakiki hesabu hiyo ubaoni. Nagenda alirusha mpira siku ile, akamtoa mpigaji mmoja. Huo ndio mchezo wake mmoja tu wa namna ile. Lakini alikuwa na kalamu. Alikuwa ameandika tangu siku zake za Makerere. Alitoa riwaya, na kwa miaka mingi aliandika makala ya kila juma katika gazeti la New Vision, akigombana na watu wa kila upande. Alifariki mwaka 2023. Siwaambii mkubaliane na aliyoyaandika. Wengi hawakukubali. Nasema tu kwamba mtu aliyerusha mpira siku moja mbele ya dunia hakukaa maisha yake yote akiieleza siku hiyo.

Benaud alifariki tarehe 10 Aprili 2015, akiwa na miaka 84. Alikuwa na kansa ya ngozi. Alipokuwa kijana alicheza juani bila kofia, kwa kuwa mchezaji mmoja aliyempenda, Keith Miller, hakuvaa kofia. Alipougua alisema wazi kwamba lilikuwa kosa, akawasihi vijana wavae kofia na wajikinge na jua. Hata katika jambo hilo alitangaza habari kama zilivyo. Ndugu zetu wenye ualbino walio katika madarasa haya wanalijua jambo la kofia na mikono mirefu kuliko mimi, nanyi wengine msiwacheke wanapokuja darasani wamejifunika wakati jua halijatua.

Sasa, mzee wangu, turudi kwenye barua yako. Yule kijana anayemaliza zoezi mapema, mwombe akae karibu nawe. Akusomee majina ya wakulima 10, nawe uandike. Kisha wewe umfundishe jinsi ya kutambua kwa kulishika tu robota lililotiwa maji ili lizidi uzito. Hilo halimo katika kitabu chake, na nadhani halijui.

Na kazi ya darasa zima ni hii. Jumamosi jioni vijana watakuwa wakicheza mpira katika uwanja ulio jirani nanyi. Wanafunzi wawili wawili wakakae pembeni. Mmoja afumbe macho, mwenzake amweleze mchezo kwa dakika tano: mpira uko wapi, nani anao, nini kimetokea. Kisha wabadilishane. Yule aliyefumba macho aandike mistari mitano ya yale aliyoyaona kwa masikio, na mwenzake amsahihishe alipokosea. Barua zenu mnitumie kupitia kwa mwalimu. Andikeni kwa penseli kama hamna kalamu, mimi nitazisoma. Juma lijalo, saa ile ile, tutasoma ratiba ya treni. Kwaherini.